Abiria wa boda kagongwa na matatu barabara ya Njoro: fidia inaanzia wapi?

Mama_Lanet (Nakuru)

Hamjambo wadau. Shemeji yangu alikuwa abiria wa boda barabara ya Nakuru–Njoro, matatu ikawagonga kwa nyuma. Walikuwa abiria wawili nyuma ya dereva wa boda, na hakuna aliyevaa helmeti. Mguu wa kulia umevunjika mifupa yote miwili chini ya goti, amewekwa vyuma, sasa anatembelea magongo. Boda haina bima, matatu inayo. Dereva wa matatu ameshtakiwa, kesi ya trafiki itatajwa mwezi ujao. Shemeji ni fundi wa kuchomelea vyuma, analipwa kwa siku, hana hati ya mshahara.

Naomba kujua: ni karatasi gani zinatakiwa, nani wa kulipa, na je, tusubiri kesi ya trafiki iishe kwanza?

---

Kabrasha_la_Korti (Nakuru)

Pole kwa shemeji. Msisubiri. Kesi ya trafiki ni ya serikali na dereva. Fidia ni kesi ya madai, mnaifungua wenyewe, na muda unahesabiwa tangu siku ya ajali: miaka 3 kwa gari la mtu binafsi au kampuni, miezi 12 tu kama gari ni la serikali. Watu wengi waliogongwa na magari ya serikali hukosa haki yao hapo, kwa sababu kila mtu mtaani huwaambia "una miaka mitatu".

Kazi ya kwanza ni OB, kitabu cha matukio cha kituo cha polisi. Nendeni kituo kilichopokea ripoti ya ajali muulize kama jina la shemeji limo. Ajali ikiwa na majeruhi wengi, askari huandika dereva, namba za magari, kisha "na abiria wengine walijeruhiwa". Hao "wengine" ndio ambao kampuni ya bima huja kuwaita abiria hewa. Kama hayumo, aende na karatasi za hospitali aandikishe taarifa yake, na iandikwe kwa kurejelea namba ya OB ile ya kwanza. Akichelewa miezi, ataulizwa kortini kwa nini, na afadhali awe na jibu la hospitali: alikuwa amelazwa kuanzia tarehe fulani hadi fulani.

Kisha ombeni abstrakti ya polisi, hati ya muhtasari wa ajali. Isomeni palepale kaunta kabla hamjatoka: tarehe ya ajali, mahali, namba ya gari herufi kwa herufi, jina la mwenye gari, dereva, kampuni ya bima, namba ya bima na tarehe inapoanza na kuisha, na jina la majeruhi kama lilivyo kwenye kitambulisho. Herufi moja ya namba ya gari ikikosewa, utafutaji wa NTSA, mamlaka inayosajili magari, utawaletea gari la mtu mwingine kabisa. Abstrakti ikisema bado uchunguzi unaendelea, hiyo haizuii kufungua kesi, ila baadaye mtahitaji nyingine inayoonyesha dereva alishtakiwa, au askari aje kutoa ushahidi.

Sasa mwenye gari. Jina la sacco lililochorwa ubavuni mwa matatu si la mwenye gari. Anayehesabiwa na Sheria ya Trafiki kuwa mwenyewe ni aliyesajiliwa, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Lipieni utafutaji wa gari kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, na kwa ajili ya korti wakili aombe nakala rasmi ya rekodi inayoonyesha nani alikuwa mwenyewe siku ya ajali. Matatu huuzwa bila kuhamishwa jina. Gari linaweza pia kuwa na majina mawili kwenye logibuku (hati ya usajili wa gari), la mnunuzi na la benki iliyomkopesha. Mkimshtaki aliyesajiliwa peke yake, atakuja na hati ya mauzo aseme aliliuza zamani. Ndiyo maana hushtakiwa aliyesajiliwa, anayelimiliki hasa, na dereva, wote pamoja.

---

Plasta_na_Eksirei (Kakamega)

Naongezea upande wa hospitali, maana kesi nyingi za mifupa huharibikia huko.

P3, fomu ya kuandika majeraha, hutolewa na polisi, hujazwa na daktari au afisa wa kliniki, kisha hurudishwa kituoni. Inahitajika, lakini si ripoti ya fidia. Inasema kiwango cha jeraha tu, basi. Kinachobeba kesi ni vitu vitatu: karatasi za matibabu za siku ya kwanza, muhtasari wa kuruhusiwa kutoka wodini, na ripoti ya daktari iliyoandikwa kwa ajili ya korti.

Karatasi ya siku ya kwanza ndiyo msingi. Anayepokea wagonjwa kasualti usiku anaandika haraka. Akiandika "mguu wa kushoto" na eksirei ikaonyesha wa kulia, wakili wa upande wa pili ataisoma sentensi hiyo kortini polepole sana. Likiwepo kosa la aina hiyo, rudini sasa hivi, faili ingali hospitalini na aliyeandika angali kazini, arekebishe, atie sahihi na tarehe. Msifute wala kuandika juu yake wenyewe. Hiyo itageuka kughushi.

Filamu za eksirei zitunzwe zilalie bapa, si kukunjwa na kuchomekwa chini ya godoro. Za kabla ya upasuaji na za baada, zote. Kama ziko kwenye kompyuta ya hospitali, ombeni diski.

Kuhusu ripoti ya daktari: msiikimbilie. Mfupa wa muundi huchukua miezi kuunga, na wengine hawaungi vizuri. Ripoti ikiandikwa wiki ya sita, daktari atasema "anaendelea kupata nafuu", na hamtapata asilimia ya ulemavu wa kudumu. Ngojeni mpaka daktari aseme mfupa umeunga au umegoma, ndipo apime: mguu umefupika kwa sentimita ngapi, kifundo kinakunjika kiasi gani, anachechemea, anaweza kuchuchumaa. Fundi wa kuchomelea hufanya kazi akiwa amechuchumaa, kwa hiyo kazi yake itajwe ndani ya ripoti.

Na vyuma vile vitatolewa siku moja. Gharama ya kuvitoa iandikwe kwenye ripoti kwa shilingi, si "atahitaji upasuaji mwingine" na kunyamaza. Kisha wakili aiombe kwenye hati ya madai. Isipoombwa kwa maandishi, hakimu hawezi kuitoa hata akiwa na huruma, na mtarudi kuilipa mfukoni.

Mkishafungua kesi, kampuni ya bima ina haki ya kumpeleka kwa daktari wake. Aende na asikatae. Asijitie kuchechemea kuliko kawaida, kwa sababu daktari yule hupima unene wa misuli ya paja kwa utepe. Mguu usiotumika hunywea, na unaotumika haunywei.

---

Madai_Kisumu

Nani analipa? Mwenye matatu ndiye mdaiwa, bima yake inamlipia. Sheria ni ile ya bima ya magari kwa watu wa tatu, Sura ya 405. Bima hulazimika kulipa hukumu aliyopewa mteja wake, lakini kwa masharti mawili ambayo watu huyasahau.

Moja ni notisi. Kampuni ya bima lazima ijulishwe kwa maandishi kwamba kesi inafunguliwa. Wakili mzuri hutuma notisi pamoja na barua ya madai hata kabla ya kufungua, na anabaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Bila muhuri huo, mnaweza kushinda kesi dhidi ya mwenye matatu, mkaja kuambiwa na bima "sisi hatukuambiwa". Mwenye matatu mwenyewe huenda hana kitu zaidi ya hilo gari lililopondeka.

La pili ni kikomo: bima ya lazima inabeba hadi shilingi milioni 3 kwa mdai mmoja. Kinachozidi ni cha mwenye gari. Kwa mguu mmoja uliovunjika hamtafika huko, lakini wenye jeraha la uti wa mgongo hufika na kupita.

Sasa suala la boda. Sheria inaruhusu pikipiki kubeba abiria mmoja tu, na helmeti ni lazima. Upande wa matatu utayashika yote mawili. Kwenye helmeti wajibuni hivi: aliyeumia ni mguu, si kichwa. Kutovaa helmeti hakukuvunja muundi. Lawama ya majeruhi hupunguza fidia pale tu kosa lake lilipochangia jeraha au ajali yenyewe. Kwa abiria wawili hoja ni nzito kidogo, wakisema boda ilikuwa inayumba kwa mzigo. Lakini matatu iliyogonga kwa nyuma ina kazi kubwa ya kueleza kwa nini haikuacha nafasi. Hakimu anaweza kumwekea shemeji asilimia fulani, au asimwekee kabisa.

Mshtakini na dereva wa boda? Mawakili wengi humjumuisha yeye na mwenye pikipiki hata bila bima, ili hakimu akigawa lawama isibaki sehemu isiyo na mwenyewe. Tatizo ni kwamba huyo huyo ndiye shahidi wenu bora wa jinsi walivyogongwa. Hilo ni la kupimwa na wakili baada ya kusoma mchoro wa polisi wa eneo la ajali. Kama mchoro unaonyesha pointi ya kugongana iko kwenye njia ya boda na magari yote yalikuwa yanaelekea upande mmoja, mimi ningemwacha awe shahidi.

Jambo jingine kwa wasomaji wa huku Kisumu na Busia, maana swali hili huja kila mara: aliyepanda pikapu ya rafiki bure hana ulinzi sawa na abiria wa matatu. Bima ya lazima hailazimiki kubeba abiria wa gari la binafsi asiyelipa nauli. Anaweza kumshtaki mwenye gari, ila asitegemee bima ya watu wa tatu kulipa. Na turnboi (msaidizi wa dereva) aliyeumia akiwa kazini kwenye lori la mwajiri wake, njia yake ni sheria ya fidia za kazini ya 2007, WIBA. Amjulishe mwajiri, na dai lipelekwe ndani ya miezi 12.

---

Mama_Lanet (Nakuru)

Asanteni sana, tumeenda kituoni na jina limo kwenye OB. Sikuwa nimewaambia: kuna bwana anakuja nyumbani na fomu, anasema ni wa "ofisi ya wakili", atalipa bili iliyobaki kisha pesa zikitoka wagawane, shemeji apate 60 kwa 100. Pia jirani ametuambia tuende Small Claims, mahakama ya madai madogo, kwa sababu huko kesi inaisha siku 60. Na je, bila hati ya mshahara atapata chochote cha kazi aliyoikosa?

---

Kabrasha_la_Korti (Nakuru)

Huyo bwana ni broka, dalali wa kesi. Shemeji asitie sahihi. Sheria ya Mawakili, kifungu cha 46, inabatilisha mapatano ya wakili kulipwa kesi ikishinda tu, na hayo ya kugawana yanaingia humo humo. Sahihi ya shemeji kwenye fomu ile humpa mtu asiyemjua mamlaka ya kumwakilisha. Mara nyingine fomu huuzwa kwa ofisi mbili, na mnakuta kesi mbili za mtu mmoja kwa ajali moja. Bima ikigundua, inaziandikia zote ni za ulaghai.

Tafuteni wakili wenyewe. Jina lake litafutwe kwenye tovuti ya Chama cha Mawakili kuona kama ana leseni ya mwaka huu. Mwulizeni mambo matatu kabla ya kumpa faili: ada yake inahesabiwaje, risiti ya kila shilingi mnayotoa itatoka kwa jina la nani, na hela za bima zikiingia kwenye akaunti ya wateja mtaarifiwa vipi. Hundi ya bima huandikwa kwa jina la wakili, kwa hiyo swali la tatu si utovu wa adabu. Wakili akishikilia pesa, kuna Tume ya Malalamiko dhidi ya Mawakili.

Small Claims: kikomo ni shilingi milioni 1, na sheria yake ya 2016 inataja fidia ya majeraha. Lakini majaji wa Mahakama Kuu wametofautiana kama ajali za barabarani zinazodai bima zinaingia humo. Mkifungua huko na upande wa pili ukashinda hoja ya mamlaka, mmepoteza ada na miezi. Zaidi ya hapo, ukidai huko umekubali kwamba dai lako halivuki milioni. Mguu wenye vyuma, gharama ya kuvitoa na mapato yaliyopotea vinaweza kukaribia au kuvuka. Mimi ningekwenda kwa hakimu wa kawaida Nakuru, kwa kuwa ajali ilitokea huku.

---

Plasta_na_Eksirei (Kakamega)

Kabrasha, kwa jeraha la ngozi na misuli tu ningekubaliana na jirani wa Mama_Lanet, ikiwa wakili amesoma maamuzi ya jaji wa eneo lenu. Mtu aliyepata michubuko na maumivu ya shingo hana haja ya kukaa kortini miaka.

---

Kabrasha_la_Korti (Nakuru)

Sawa, kwa huyo nakubali.

---

Hesabu_za_Fidia (Eldoret)

Nijibu la mshahara. Kuna mafungu mawili na hayachanganywi.

Gharama halisi ni zile zenye karatasi: dawa, gari la wagonjwa, magongo, ada ya abstrakti, utafutaji wa NTSA, ripoti ya daktari. Kila moja iorodheshwe kwenye hati ya madai kwa kiasi chake na ithibitishwe kwa risiti. Ukiandika 84,300 na risiti zikajumlisha 61,000, unapata 61,000. Ukiandika 61,000 kisha risiti zikaja za 84,000, bado unapata 61,000 usipofanya marekebisho. Teksi ya kwenda kliniki: mwambieni dereva aandike risiti siku ile ile, yenye tarehe, toka na kwenda. Kitabu kizima cha risiti chenye wino mmoja na mwandiko mmoja kinamfanya hakimu aanze kutilia shaka hata zile za hospitali.

Mapato aliyokosa akiwa kitandani pia yanaangukia upande huu. Hati ya mshahara si njia pekee. Mahakama ya Rufaa ilishasema mwaka 2005 kwamba kipato kinaweza kuthibitishwa bila nyaraka, kwa sababu Wakenya wengi hawazitunzi. Lakini neno tupu halitoshi. Chukueni taarifa ya M-Pesa ya miezi 6 kabla ya ajali, mwenye karakana aje kama shahidi aseme anamlipa kiasi gani kwa siku na siku ngapi kwa wiki, na daftari la chama kama anachanga. Vikikosekana vyote, hakimu huangalia amri ya serikali ya kima cha chini cha mshahara kwa kazi ya aina hiyo, na hicho huwa kidogo kuliko fundi anachopata kweli.

Fungu la pili ni fidia ya jumla, maumivu na ulemavu. Hapa hakuna risiti. Wakili huleta hukumu za karibuni zenye jeraha linalofanana, na wa upande wa pili huleta za kwake za miaka 10 iliyopita zenye pesa kidogo. Zingatieni umri wa hukumu, maana thamani ya shilingi imeshuka. Kupungua kwa uwezo wa kufanya kazi siku za mbele kunaombwa hapa, na kunategemea ile sentensi ya daktari kuhusu kuchuchumaa.

Riba: kwenye gharama halisi huanza kuhesabiwa siku kesi ilipofunguliwa, kwenye fidia ya jumla siku ya hukumu. Kesi ikivutwa miaka miwili, linalokua ni lile fungu dogo la gharama halisi tu.

---

Madai_Kisumu

Neno la onyo kuhusu kukubaliana nje ya korti. Bima inaweza kupiga simu mapema na kutoa kiasi. Kinachofuata ni kutia sahihi hati ya kupokea malipo, mawakili huiita dischaji. Ikisainiwa, dai limekwisha kabisa, hata mfupa ukigoma kuunga mwezi unaofuata na ikabidi apandikizwe mwingine. Kwa hiyo kujadiliana ni sawa, kusaini kabla ya ripoti ya daktari si sawa. Majeruhi akiwa mtoto, makubaliano hayo lazima yapitishwe na korti, na pesa huwekwa mpaka afikishe miaka 18.

Mkishinda, tegemeeni rufaa ndani ya siku 30 na ombi la kusimamisha malipo. Mara nyingi korti huagiza sehemu, aghalabu nusu, ilipwe kwa mdai au iwekwe kwenye akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote. Wakili wenu aombe nusu ilipwe, isiwekwe yote. Bima isipolipa baada ya rufaa kuisha, mnafungua kesi fupi ya kuitangaza kuwa inawajibika, na hapo ndipo ile notisi yenye muhuri hutolewa mezani. Kampuni yenyewe ikifilisika, Mfuko wa Fidia kwa Wenye Bima hulipa hadi shilingi 250,000 tu, kwa hiyo angalieni mapema kama ile iliyo kwenye abstrakti bado ina leseni ya IRA, mamlaka inayosimamia kampuni za bima.

---

Mama_Lanet (Nakuru)

Swali la mwisho: kesi ya trafiki mwezi ujao, shemeji ahudhurie hata kama hajaitwa?

---

Kabrasha_la_Korti (Nakuru)

Ahudhurie, au wewe nenda. Andika namba ya kesi ya trafiki, namba ya chumba na tarehe inayofuata. Dereva akikiri au akipatikana na hatia, na muda wa rufaa ukapita, hukumu hiyo ni ushahidi usiopingika kwenye kesi ya fidia kwamba alikuwa na hatia, kwa kifungu cha 47A cha Sheria ya Ushahidi. Bado wanaweza kubishania asilimia ya shemeji, lakini si uzembe wa dereva. Akiachiliwa, msikate tamaa: kwenye jinai lazima shaka yote iondoke, kwenye madai hakimu hupima upande upi una uzito zaidi.

Siku hiyo hiyo ulizeni kwenye masjala ya korti namna ya kuomba nakala zilizochapwa na kuthibitishwa za mwenendo wa kesi. Mwombe kwa barua, mlipie, mchukue risiti. Kuchapwa huchukua muda, na faili za trafiki zilizomalizika hupelekwa ghala, kisha kuzitafuta ni kazi ya mwezi.